Gurudumu Kisiginoni

Tangu waliporudi kutoka kwenye mahojiano ya mwisho, Antoinette hakuwatazama tena wanawe kama watoto. Aliwatazama kama mifupa. Asubuhi, kabla hawajatoka, alimpapasa Lévi mikono kuanzia begani hadi kiganjani, akamwambia dada yake, Shukrani, azungushe shingo, apinde magoti, asimame kwa vidole. Jioni alirudia. Safari yao ya Kanada ilikuwa imepita kwenye milango yote, ukabaki mmoja tu, wa daktari wa Lilongwe, na huo haukumpitisha aliyevunjika.

Hilo hakulisoma popote. Aliliona. Familia ya Nahayo, Warundi waliokaa upande wa pili wa kisima, walikuwa karibu kuitwa kwa daktari mtoto wao alipoteleza kwenye mpera akavunjika paja. Wakaambiwa wangoje apone. Alipopona, vipimo vyao vingine vilikuwa vimekwisha muda, wakarudishwa mwanzo. Mpaka leo mama Nahayo alichota maji kwenye kisima kilekile, na watu walimwamkia kwa sauti ya chini, kama unavyomwamkia mfiwa.

Kwa hiyo nyumbani kwa Antoinette mpira ulipigwa marufuku. Kamba ya kuruka ilipigwa marufuku. Kupanda kabaza, zile baiskeli za kubeba abiria, kulikuwa dhambi karibu na wizi. Lévi, mwenye miaka sita, ambaye miguu yake haikujua kwenda bila kurukaruka, aliagizwa atembee akiwa ameshika ukuta. Mume wa Antoinette, René, alikuwa Lilongwe, Area 23, akishona katika duka la Mkongomani mwenzake, akipanda kambi ya wakimbizi ya Dzaleka mara moja kwa mwezi. Ulinzi wa mifupa ulikuwa wa Antoinette peke yake, naye aliufanya akiwa hatulii: anashona suruali, anasimama mlangoni, anarudi, anakuta sindano imetoka njiani.

Ndipo kilipokuja kifurushi.

Kilitoka kwa dada yake mkubwa, Lucie, aliyekuwa Kanada miaka mingi, nacho kililetwa na mgeni wa kanisa. Ndani mlikuwa na sweta, biskuti, kalamu, na viatu vya raba vyeusi vyenye mistari ya waridi vilivyokuwa vya binti yake Lucie, Gabriella. Shukrani alivigeuza. Katika kila kisigino mlikuwa na shimo, na ndani ya shimo gurudumu moja nene, limejificha kama jino la nyuma.

Chini kabisa mlikuwa na picha. Gabriella na watoto wenzake wako katika ukumbi mrefu wa shule, sakafu inang'aa. Wote wamesimama kwa visigino, vidole vya miguu juu, wanakuja kwa mpiga picha bila kupiga hatua. Hakuna aliyekuwa akitembea.

"Kule banatembeaka hivi," alisema Shukrani.

Alikuwa na miaka kumi na mitatu, mrefu, na mguu wake ulikuwa umeshaufikia wa mama yake. Antoinette aliichukua picha akaisogeza kwenye mwanga wa mlango.

Jioni alimpigia simu dada mkubwa, yaya kwa lugha ya kwao. Sauti ya Lucie ilikuja kwa vipande. Alikuwa anakimbilia kazini.

"Yaya, ile biatu, ni ya masomo?"

"Ya nini? Ee, batoto bote huku iko nayo. Batoto ya siku hizi, Antoinette, we acha tu. Huku hakuna mutu anaendaka pole. Ukienda pole, banakupita." Na laini ikakatika.

Antoinette alibaki ameshika simu. Aliviweka viatu ndani ya valisi ya safari, chini ya mashuka, akafunga zipu. Tutafika kwanza, alijiambia. Kujifunza kutakuwa kulekule, kwenye madaktari wengi.

Lakini ukimfungia mtoto mlango, atajifunzia dirishani. Wiki haijaisha, jirani yao Ntirampeba, mama wa Kirundi aliyekaanga mandazi kwenye kona, alisimama mbele ya cherehani ya Antoinette na kijiko cha mafuta mkononi.

"Mama Shukrani, acha mashine."

"Kuna nini?"

"Mutoto wako iko anashuka mulima sawa chupa ya soda imeanguka kwa meza."

Antoinette alitoka na futi ya kupimia ingali shingoni. Mteremko wa kutoka kwenye lami hadi sokoni ndio uliopitwa na kabaza zote zilizobeba magunia, na asubuhi hiyo katikati yake alikuja Shukrani, viatu vya magurudumu miguuni, mikono imetandazwa, sketi imejaa upepo, uso umekakamaa kwa hofu na furaha asijue lipi litangulie. Mwenye kabaza mmoja alipiga kengele, akakwepa. Shukrani hakujua kusimama. Aliupita mti wa kwanza, akaupita mlango wa kinu cha kusagia mahindi, akaingia mzima mzima kwenye lundo la pumba.

Alipotoka alikuwa mweupe hadi kope. Antoinette alimpapasa kwanza: vifundo, magoti, viwiko, mbavu. Kofi lilikuja baadaye, nalo alilipiga mgongoni, palipo na nyama. Mwenye kabaza alishuka, akauliza kwa Kichewa kama mtoto huyu ni gari, na kama ni gari, breki zake zilibaki wapi. Watu walicheka. Antoinette hakucheka. Alimshika binti yake mkono akampeleka nyumbani kama anayebeba yai.

"Nilikukataza," alisema walipoketi.

"Ndiyo, Mama."

"Na kama ungevunjika?"

"Sikuvunjika."

"Mutoto wa Nahayo naye alikuwa sawa vile, mbele ya kuanguka."

Shukrani alikung'uta pumba kwenye nyusi. "Mama, tukifika, ntaingia masomo na miguu tu? Bote banapita, mi naachwa kwa mulango? Gabriella alikuwa na wakati ya kujifunza. Mi niko na nini? Leo ao kesho banatuita."

Swali lilikuwa pia la Antoinette. Alikuwa amejiona mara nyingi katika ule ukumbi unaong'aa, ameshika mkoba, watu wanampita kulia na kushoto kwa mwendo wa maji, na mbele kabisa mgongo wa binti yake ukizidi kuwa mdogo. Hilo hakumwambia mtu, wala mume wake.

Alitazama viatu. Angeweza kuvitupa chooni. Kisha msichana angeazima vya mwingine, au angefunga vigurudumu vya kopo kwenye kandambili, na mteremko ungebaki palepale.

"Simama," alisema. "Leta goti."

Alimpima goti kama anavyompima bibi harusi kiuno. Alikata pembe ya godoro la zamani, akatoa sponji, akashona mito miwili ya magoti na miwili ya viwiko. Kwa viganja alitaka kitu kigumu zaidi, maana alijua kwamba anayeanguka hutanguliza mikono. Alikata vipande vya bidoni, lile dumu la plastiki la mafuta, akavilainisha kingo kwa pasi, akavishonea ndani ya kitambaa cha jinzi. Kwa kichwa alifunga kilemba cha kitenge chenye sponji ndani.

Shukrani alijitazama kwenye kioo kidogo. "Niko sawa bibi harusi anaenda vitani."

"Bora uende na urudi," alisema mama yake.

Sakafu laini Dzaleka ilikuwa moja, ya kanisa lao: sementi iliyosuguliwa na wamama miaka na miaka. Antoinette alimwendea Pasta Lwaboshi, mtu wa Bukavu, aliyependa kupima kila neno kabla ya kulitoa.

"Pasta, tunaomba nyumba ya Mungu saa ya muchana, mbele ya kwaya haijaingia."

"Ju ya maombi?"

"Ju ya magurudumu."

Pasta alivua miwani, akaifuta, akairudisha. Alisikiliza habari yote, ya Kanada, ya picha, ya pumba. "Eliya alipanda na gari ya moto," alisema mwishowe. "Sioni andiko lenye kukataza gurudumu. Lakini ku madhabahu, hapana. Na Lévi asiguse ngoma."

Ikawa hivyo. Mabenchi yalisukumwa ukutani. Hakuna aliyewafundisha, walijifundisha kwa ile picha na kwa makosa. Waligundua kwamba kutembea ni kwa vidole, na kuteleza ni kwa kisigino. Mguu mmoja utangulie, mwingine ufuate nyuma yake, kama mtu anayevuka ubao mwembamba. Ukisimamisha miguu sambamba, unakwenda chali. Mwili usiegemee nyuma kwa woga, maana woga ndio unaoangusha. Kusimama, shusha vidole polepole na uanze kutembea, usivipige chini kwa ghafla. Mwanzoni Shukrani aliviringika akishika ukuta, kisha bega la mama yake aliyekimbia pembeni akihema, kisha kidole kimoja tu cha mama, kisha hewa.

Antoinette aliweka masharti, na kila mara kabla ya kufunga kamba aliyataka yasemwe kwa sauti.

"Inje?"

"Inje natoa gurudumu. Natembea na miguu sawa bantu."

"Kilima?"

"Kilima hapana, hata kidogo."

"Ukianguka?"

"Nakuambia siku ileile."

"Ju ya nini?"

"Mufupa ukifichwa unaungana mubaya."

Na Shukrani alianguka. Alianguka kwa goti, kwa kiwiko, kwa matako, na kila mara alikuja kusimulia hata pale ambapo Antoinette alikuwa amejionea mwenyewe. Mito ya sponji ilichakaa, ikashonwa tena. Siku alipovuka kanisa zima, kutoka mlangoni hadi chini ya mimbari, akazunguka nguzo na kurudi akiimba, Lévi alipiga makofi mpaka akasahau na kugusa ngoma.

Lakini badala ya kutulia, Antoinette alizidi kuhangaika. Sasa msichana alikuwa tayari. Nani mwingine hakuwa tayari? Kwenye cherehani mguu wake ulitangulia wenyewe, kisigino chini, vidole juu, na pedali ikasimama. Njiani kwenda sokoni alijikuta akitazama visigino vya watu. Ukienda pole, banakupita. Lucie alilisema hilo akicheka, au laini ndiyo iliyotoa ile sauti kama kicheko? Hakuwa na uhakika tena.

Simu ikaja Alhamisi: familia nzima, kwa daktari, Lilongwe, Jumanne. René alisema asingepanda, angewangoja hukohuko. Kambi nzima ilijua kabla ya jua kuzama. Ntirampeba alileta mandazi bila kuombwa, na Antoinette alimpapasa Lévi mara mbili jioni ile.

Jumamosi ilikuwa zamu ya kundi lake kupiga sakafu ya kanisa nta nyekundu. Wamama walipiga magoti kwa mstari, wakaipaka, wakaisugua kwa vitambaa na nyimbo, wakaipaka tena kwa sababu kesho yake kulikuwa na ubatizo. Antoinette ndiye aliyesugua upande wa mimbari. Wenzake walipokwenda, yeye alibaki na ufunguo.

Kanisa lilikuwa limetulia. Viatu vilikuwa nyuma ya kabati la vitabu vya nyimbo, Shukrani alikoviacha. Ile mito ya viwiko ilikuwa pale pia, lakini ilikatwa kwa kipimo cha mkono mwembamba, na isitoshe yeye alikuwa mama wa kanisa, si mtoto. Atajaribu hatua chache tu. Alichungulia mlangoni, akavua kandambili, akafunga kamba.

Alisimama akishika mimbari. Mguu wa kulia ukatangulia. Akajisukuma.

Mwanzo aliinama kama anayetafuta kitu sakafuni. Kisha akakumbuka yale aliyokuwa akiyapigia kelele pembeni, akanyoosha mgongo, akashusha mabega, na sakafu ikaanza kwenda yenyewe. Hakuna aliyemsukuma, hakuna aliyemvuta. Mabenchi ya wamama yakapita. Dirisha likapita, na jua lake. Kwa mara ya kwanza tangu atoke Bukavu hakuwa akingoja kitu, alikuwa akienda. Alifikia mabenchi ya wanaume, akataka kugeuka kama Shukrani anavyogeuka kwenye nguzo, na hapo ndipo gurudumu lilipokutana na nta ambayo haijakauka.

Alitanguliza mkono.

Ulipolia aliusikia ndani ya meno. Alikaa chini, mgongo kwenye benchi, kifundo cha mkono wa kuume kimepakatwa kama kifaranga, akawaza jambo moja tu: Jumanne.

Ntirampeba alimfunga kwa kipande cha kitenge na mpini wa kijiko cha mbao kilichovunjika. Alifunga vizuri, kwa mikono iliyozoea moto.

"Umevunjika ao umeteguka?"

"Sijui."

"Basi usijue. Mikono miwili unainyanyua juu, unashusha, unasema zikomo, asante ya huku, unatoka. Ukifika kule, banakutengeneza na mashine ya bazungu. Sha, usiue safari ya bantu bane ju ya mukono moja."

Watoto aliwaambia kwamba amejigonga kwenye cherehani. Jioni alisonga bugali kwa mkono wa kushoto, na bugali likatoka na mabonge. Shukrani alitazama mwiko, akatazama kitenge, akatazama mahali pengine.

Jumatatu, walipokuwa wakingoja gari la kwenda Lilongwe, Shukrani alimsogelea.

"Mama, jana niliingia kanisa mbele ya bantu kufika. Kwa nta kulikuwa mistari mbili. Inatoka ku mimbari."

"Ni mabenchi ilivutwa."

"Benchi iko na miguu ine."

"Shukrani."

"Ndiyo, Mama."

"Nyamaza."

Msichana alinyamaza. Alinyamaza njia nzima, akapita Lumbadzi amenyamaza, na kunyamaza kwake kulimwuma Antoinette kuliko mkono.

René aliwapokea Area 23 akiwa amenyoa, koti lake limepigwa pasi. Alimnyanyua Lévi, akamsifu Shukrani urefu, akauliza kitenge ni cha nini. "Mashine," alijibu Antoinette, na mumewe akaamini, kwa kuwa fundi yeyote hupigwa na mashine yake siku moja. Jioni yote aliongea habari za theluji. Kuna mtu alimwambia kwamba kule fundi wa makoti hakosi kazi. Alikuwa na furaha ya mtu aliyeishikilia muda mrefu bila kuitumia, na Antoinette alipomtazama akasema moyoni: Ntirampeba alisema kweli. Mikono juu, mikono chini, zikomo.

Asubuhi, kabla ya kuingia, alikifungua kitenge akakificha ndani ya mkoba. Mkono ulikuwa umevimba kidogo. Mkono wa blauzi uliufunika.

Daktari alikuwa mwanamke wa makamo, Mmalawi, mpole, mwenye kikohozi. Mkalimani alikuwa kijana wa Uvira, jina lake Cyrille, ambaye kila neno la daktari alilisindikiza kwa mkono kana kwamba analipitisha mlangoni. Wanaume waliitwa kwanza, René na Lévi, wakatoka wakicheka. Kisha mama na binti, pamoja.

Shukrani alianza. Macho, masikio, moyo, mgongo. Halafu Cyrille akasema: "Daktari anauliza, katika miezi hii umeanguka, umeumia popote?"

"Ndiyo," alisema Shukrani.

Antoinette aliuvuta chini mkono wa blauzi.

"Nilianguka kwa goti hii, ya kushoto. Na kiwiko, tazama, hapa palichubuka. Na mara ingine nilikalia mufupa wa nyuma. Na mwanzo kabisa niliingia kwa pumba." Aliyasema yote kwa mpangilio, bila kuharakisha, kama alivyozoea kuyasema kanisani, na kila alipotaja mahali alipaonyesha kwa kidole. Hakumtazama mama yake hata mara moja.

Daktari alipabonyeza kila mahali. Aliuliza ilikuwaje. Cyrille alieleza viatu, akaeleza kanisa, akaeleza kwamba huko Kanada wanafunzi wote huenda shuleni kwa magurudumu. Daktari alikohoa, kikohozi kikageuka kicheko, akajizuia.

"Anasema," alieleza Cyrille, naye akijizuia, "ile ni ya kuchezea tu, Mama. Mtoto wake alikuwa nayo pia. Anasema kule bantu banatembeaka na miguu. Na masomo mengi banakatazaka ile biatu."

Shukrani alitazama chini. Masikio yake yalikuwa yamewaka.

"Lakini anasema mutoto iko muzima kabisa. Hakuna alama mbaya. Anauliza nani alimufundisha kuanguka vizuri hivi."

Daktari aligeuza kiti chake.

"Sasa Mama. We umeanguka, umeumia popote?"

Mikono juu, mikono chini. Antoinette aliinyanyua yote miwili. Aliweza. Jasho lilimtoka kwenye uti wa mgongo, lakini mikono ilikwenda juu, na daktari alikuwa tayari ameinamisha kalamu. Nje ya mlango René alikuwa akimwambia Lévi jambo kuhusu ndege, na Lévi akiuliza kama ndege hupiga kengele. Neno lilikuwa fupi tu: hapana. Angelisema, na wangekwenda.

Shukrani alikuwa ameketi kwenye kiti cha pembeni, magoti pamoja, amenyamaza kama alivyoagizwa.

"Ndiyo," alisema Antoinette. "Siku ya posho, hii Jumamosi. Mukono hii. Nilikuwa kwa magurudumu, na sikuvaa mito."

Cyrille alitafsiri, na daktari akaweka kalamu chini.

Mfupa ulikuwa umepasuka, si kukatika. Picha ya mionzi ilionyesha uzi mweusi, mwembamba kama nywele. Wakamfunga plasta nyeupe kutoka vidoleni hadi karibu na kiwiko, wakamwambia kwamba familia haitengani, kwamba wangoje uungane, kwamba wataitwa kupimwa tena. Lini? Wataitwa. Na vipimo vingine, havitakwisha muda? Hilo, alisema Cyrille, daktari hakulijua, wala hakutaka kumdanganya.

René aliambiwa uani, chini ya ukuta wa matofali. Antoinette hakuruka kitu: valisi, pumba, kanisa, nta. René alisikiliza, akavua koti, akalikunja kwenye mkono, akaondoka. Alitembea hadi geti, akarudi, akaenda tena. Lévi alitaka kumfuata. Shukrani alimshika shati.

"Ni biatu yangu," alisema Shukrani, na sasa alilia. "Mi njo nimeua safari."

"Biatu yako, ndiyo," alisema Antoinette. "Mukono ni yangu. Akili nayo ni yangu. Usibebe kitu haikukuangukia."

"Nilisema yote kwa daktari ju ulinifundisha. Sikutaka kukushitaki."

"Najua. Unyamavu yako njo ilinishitaki."

René alirudi mara ya tatu akasimama. Alikuwa na uso wa mtu aliyetafuta neno kali, akalipata, kisha akaona halitoshi wala halifai. Alitazama plasta.

"Mama Shukrani."

"Papa Shukrani."

"Mbele ya kuanguka, ulifika wapi?"

Hakulitarajia hilo. "Kutoka mimbari ya Pasta mpaka benchi ya wanaume."

"Bila kushika?"

"Bila kushika."

"Ilikuwa namna gani?"

Antoinette alifikiri. Angesema ilikuwa upuuzi, na ingekuwa kweli. "Sikuwa nangoja kitu," alisema. "Mambo mengine yote nangojaka."

René alifuta uso kwa koti lililopigwa pasi. "Mi huku nilishaanza kushona koti ya theluji," alisema. "Bila kuijua theluji. Basi ntaimaliza pole."

Hawakwenda Area 23. Dereva wa lori alimwahidi René kuwachukua hadi njia panda ya Dzaleka, wakasimama kumngoja kando ya barabara kuu, mbele ya duka lenye kibaraza kirefu cha sementi. Watu walipita na mifuko ya mahindi, na plasta mpya iliwavutia macho. Saa ilikwenda. Lori halikuja. Lévi aliviringisha jiwe. Shukrani alikaa, akasimama, akakaa, mwishowe akashindwa kuvumilia.

"Mama, ulipogeuka, ulianza kushusha vidole gani?"

"Sijui. Yote."

"Njo kosa. Hakuna kushusha yote. Simama."

"Bantu iko banatuona."

"Bashaona plasta. Simama, Mama."

Antoinette alisimama katika kandambili zake. Shukrani alipiga goti, akamshika kifundo cha mguu wa kulia akakisogeza mbele, akamgonga kidogo vidole vinyanyuke. "Uzito iko katikati. Si nyuma. We unaogopaka, unarudisha kichwa." René, bila kuulizwa, alikuja upande wa mkono mzima akaushika.

"Sasa unageuka pole. Bega njo inatangulia, mguu unafuata."

Mwenye duka alitoka kuona kuna nini, akakuta mama mwenye plasta amesimama kwa visigino, mumewe amemshika, binti amechuchumaa chini yake akimrekebisha miguu. Aliuliza kwa Kichewa kama mama huyu ni mgonjwa.

"Hapana," alijibu Shukrani kwa Kichewa, bila kuinua kichwa. "Anajifunza." Kisha kwa mama yake: "Tena. Kutoka mwanzo."